Kengele Mbili za Ghorofa ya Juu

Siku yangu ya kwanza kazini nilipanda ghorofani kwa mikono na magoti. Msicheke. Nilizaliwa kwenye nyumba ya nyasi, nikasoma shule isiyo na ngazi hata moja, halafu naambiwa nipande ngazi iliyojipinda ndani ya gari, nimevaa sketi ya kaki inayobana na mashine ya tiketi inaning'inia kifuani. Nilipofika juu nilikumbatia chuma cha kiti cha nyuma, nikasema moyoni kwamba kazi hii sitaimaliza wiki.

Ninyi mnaoyaona mabasi ya ghorofa kwenye simu zenu hamjui yetu yalivyokuwa. Mwanza nzima yalikuwa mawili, yamenunuliwa yakiwa yameshatumika Ulaya, yakaendeshwa taratibu kutoka Dar es Salaam huku mtu mmoja amekaa juu akiangalia nyaya na matawi. Mbele palikuwa na chumba cha dereva peke yake, na injini pembeni yake. Mlango ulikuwa nyuma upande wa kushoto, uwazi mtupu usiofungwa. Ukiingia unabaki chini au unapanda ngazi. Kwa hiyo dereva hakuwa na habari ya mambo ya nyuma yake. Alitutegemea makondakta wawili, wa chini na wa juu, na kamba ya kengele iliyopita darini. Kengele moja simama, kengele mbili ondoka. Zile mbili za kuondoka alizipiga kondakta wa juu tu, akishahakikisha kila abiria wa ghorofani amekaa. Kondakta wa juu nilikuwa mimi.

Sababu alitueleza Fundi Mkuu. Alituingiza gereji, akatuinamisha chini ya gari tuone injini, gia na ekseli, akasema uzito wote umewekwa huko chini makusudi ili gari lisimame imara. Watu wa ghorofani wakikaa, limetulia. Wakisimama, linayumba kwenye kila kona, na dereva akikanyaga breki hao waliosimama hawana cha kuwazuia. Fundi alikuwa mtu wa maneno machache, na hayo aliyarudia mara tatu.

Aliyetupangia kazi ni Afisa Usafirishaji, mzee mfupi wa kutoka Mara, shati lake limenyooshwa pasi utadhani anakwenda kanisani kila siku. Hakuwahi kupandisha sauti. Asubuhi ile alinitazama nilivyoshika chuma, akasubiri nikiachie, ndipo akasema:

"Huko juu hakuna baba, hakuna mjomba, hakuna mkuu wa wilaya. Kuna aliyekaa na aliyeshuka. Umenielewa, binti?"

"Nimekuelewa, mzee."

Nilidhani nimemwelewa. Njia yetu ilikuwa mjini mpaka uwanja wa ndege, kupitia Kirumba, Pasiansi na Ilemela. Tabu kubwa ilikuwa ziwa. Likionekana tu, watu wazima na akili zao wanainuka kulichungulia, watu ambao wamelala na kuamka pembeni ya ziwa hilohilo tangu wazaliwe. Nilikuwa na mdomo, sikatai. Niliwakalisha wachungaji, niliwakalisha wanajeshi, na mheshimiwa mmoja aliyeniuliza kama namjua yeye ni nani nilimjibu kwamba namjua, ni abiria aliyesimama. Sikupiga kengele mpaka alipokaa. Mjini wakaanza kuniita Mama Kaa, nami nikajisikia mtu.

Sasa niwaambie habari ya ukwe, maana watoto wa siku hizi mnakula meza moja na wakwe zenu mnapiga soga. Mimi niliolewa Sengerema, na kwenye ukoo ule mke wa kijana hamsemeshi baba mkwe wake. Akipita unapiga goti pembeni, unainamisha uso. Humtaji jina, humgusi, humpiti karibu, sembuse kumwamrisha. Kikiwepo cha kusema, kinapitia kwa mume au mtoto. Nilikuwa na mwaka wa nne katika ndoa na sikuwahi kumwambia mzee yule sentensi moja. Alikuwa mkulima wa pamba, mpole, mcheshi kwa watu wengine. Nilimpenda, nikimsikia anacheka upande wa pili wa ukuta.

Asubuhi moja tulikuwa kituo cha mjini, gari limejaa. Kumbe mzee amevuka na kivuko kutoka Kamanga, anakwenda Ilemela kumwona dada yake, na mtu kamshauri apande basi la ghorofa, mkwewe yuko humo. Alipanda ngazi, akanipita bila kuniangalia, kama ilivyopasa, nami nikageukia ukuta. Akaenda moja kwa moja mpaka dirisha la mbele, akasimama, amefurahi. Nafasi pekee ilikuwa kwenye kiti kilicho karibu nami. Hapo asingekaa.

Mtasema ningemtuma abiria amwambie. Nami nimejisemea hivyo maisha yangu yote. Aibu ilinifunga ulimi. Kondakta wa chini akaita, magari ya nyuma yakapiga honi, nikajiambia kwamba kituo kinachofuata hakiko mbali, mtu atashuka na mzee atapata kiti. Nikavuta kamba mara mbili.

Karibu na Pasiansi baiskeli iliyobeba tenga la samaki ilikatiza mbele. Dereva akakanyaga breki. Mzee alipigwa kwenye fremu ya dirisha, akarudi nyuma, akaanguka katikati ya viti, mkono wake wa kulia umekunjika chini yake. Alipiga kelele mara moja tu. Nami, kondakta wa ghorofa hiyo, nilisimama hatua nne kutoka kwake nisiweze kumgusa. Walimwinua abiria. Mama mmoja aliniuliza mimi ni kondakta gani mwenye roho ngumu hivyo, mzee wa watu amelala sakafuni nami namgeuzia mgongo. Nilikuwa nalia nikiwa nimeutazama ukuta.

Mkono ulikuwa umevunjika juu ya kiwiko. Jioni mume wangu alirudi kutoka wodini na ujumbe: baba amesema ataueleza uongozi kwamba alisimama baada ya gari kuondoka, kwa hiyo kosa ni lake. Yaani mzee yuko kwenye maumivu, anaiwaza kazi yangu. Hapo ndipo nilipolia kuliko mchana ule.

Afisa Usafirishaji aliniita ofisini, karatasi ya maelezo iko mezani mbele yake.

"Mzee anasema alisimama baada ya kengele. Wewe unasemaje?"

Ilibaki kuitikia tu.

"Alisimama kabla," nikasema. "Nilimwona, na nikapiga kengele."

"Kwa nini?"

"Ni baba mkwe wangu."

Akaivuta karatasi karibu. Kwao Mara nako ukwe wanaujua. Kisha akaandika, akanisomea: nimesimamishwa kazi miezi mitatu, halafu narudi ghorofani palepale, kwa onyo la mwisho. Nilimwomba anishushe chini. Akakataa. Akasema nikipiga kengele tena huku mtu amesimama, hata awe nani, nivue mashine ya tiketi nipitilize nyumbani.

Miezi ile mitatu niliyokaa nyumbani Sengerema sijaisahau. Mkono wa mzee uliunga vibaya, haukunyooka tena, na jembe likawa la kushikwa na wengine. Nilipika, nikapeleka chakula mpaka mlangoni, nikapiga goti, nikaondoka. Hata pole yangu ilipitia kwa mume.

Siku niliyorudi kazini, kituo kilekile cha mjini, nilisikia mtu anapanda ngazi polepole. Mzee. Mkono umekunjika kifuani, kofia mpya. Akanipita bila kuniangalia, akaenda dirisha la mbele, akasimama, uso kwenye kioo na mgongo kwangu. Mbele viti vilikuwepo. Hakukaa. Nilijua nikivuta kamba nimepoteza kazi, nikifungua mdomo nimevunja heshima ya nyumba. Kondakta wa chini aliita mara ya kwanza, akaita ya pili.

Mzee akasema, akiongea na kioo:

"Kondakta, mbona gari haliondoki?"

Hakuniita mkwe. Ghorofa nzima ilisikia.

"Kuna abiria amesimama," nikasema. "Mzee, kaa tuondoke."

"Haya," akasema, na akakaa.

Nikavuta kamba mara mbili.

Mabasi yale hayakudumu. Vipuri vikakosekana, moja likawa linalishwa viungo vya mwenzake, mwisho yote mawili yakauzwa chuma chakavu. Nilihamishiwa mabasi ya kawaida, njia ya Buzuruga, kisha nikawa mkaguzi, kisha mkufunzi wa makondakta mpaka nilipostaafu. Wanafunzi wangu niliwaambia maneno ya Afisa Usafirishaji jinsi yalivyo, na niliwaambia pia yanauma wapi, maana mimi hakuniambia. Nashukuru kazi ile. Nimelea watoto kwayo, na magoti haya yanayoniuma leo ni ya ngazi zake.

Mabasi yale yalipokuwa bado barabarani, baba mkwe wangu aliendelea kuja mjini. Kila akivuka Kamanga alilisubiri gari langu, hata kama jingine lilitangulia, akapanda mpaka juu, akasimama dirishani mpaka nimwambie. Nyumbani hatukusemezana kamwe, mpaka tunamzika. Maneno yote niliyowahi kumwambia kwa mdomo wangu ni hayo ya ghorofani tu: kuna abiria amesimama; mzee, kaa tuondoke. Na kila mara alikaa.