Kaka yangu aling'atwa na papa Tanga, wazee wa Gehandu wakamnyima siagi

Wakuu, najua humu wengi ni wajukuu zangu, kwa hiyo shikamoo zenu nimepokea. Nimesoma madarasa mawili tu, lakini simu nabonyeza mwenyewe, na hii siyo chai.

Enzi za Mwingereza, mimi binti mdogo hapa Gehandu, kaka yangu Gidamis alirudi kutoka kukata mkonge Tanga.

Mguu wa kushoto, nyama ya nyuma haipo. Shimo!

Akasema ameng'atwa na samaki.

Tulicheka! Samaki sisi hata kumla hatumli.

Akafungua kitambaa. Taya, wakuu. Meno safu kwa safu kama msumeno.

Nikamuuliza bahari ikoje. "Chumvi kama ziwa letu la Balangida, ila ng'ambo haionekani." Ndiyo kwanza nikachanganyikiwa.

Siku aliyong'atwa alikuwa akisaidia wavuvi kuvuta wavu, kumbe papa yumo ndani. Akamdaka mguu. Kaka akampiga rungu la kichwa mpaka akafa.

Sasa elewa. Kwetu Wabarbaig, aliyeua adui kama simba alipakwa siagi, ndugu wakampa ng'ombe. Gidamis alitaka ng'ombe hao aoe. Hakuwa na wengine.

Wazee wakakaa kutwa nzima kuamua kama papa naye anahesabika, taya linapita mkono kwa mkono.

"Ananguruma?"

"Hapana, mzee wangu."

"Ana miguu?"

"Hana."

"Sasa huyu ni adui wa namna gani?"

Baba mkubwa akauliza: "Alikuja zizini kwako, au wewe ulimfuata kwake?"

Angedanganya nani angejua? Hakuna hata mmoja pale aliyewahi kuiona bahari.

"Nilimfuata. Niliingia majini kwa miguu yangu."

"Basi mvamizi ni wewe, mwanangu. Mwenzako alilinda boma lake."

Ikaisha hivyo.

Asubuhi mama akatoka na kibuyu cha siagi, akaanza kumpaka Gidamis mguu mbele za watu.

Baba mkubwa akafoka: "Shemeji! Jana tulisema nini?"

"Natibu kidonda cha mtoto wangu. Au na kidonda mmekikataa?"

Mkono ukapanda. Goti, kifua, mpaka utosini. Kaka anang'aa, analia.

Ng'ombe hakupata. Alioa amechelewa, kwa jasho lake.

Nilichojifunza ni kwamba kaka yangu hakuwa mwongo. Mengine bado yananivuruga kichwa. Pale majini nani alimvamia mwenzake? Komentini, nasoma zote.

Na mtakaosema mama alitibu kidonda, jueni kilikuwa kimeshapona kitambo.