Dada wa Uongo wa Buyenzi

Kilichonitoa Kigoma ni sifa. Mabanda yote ya video yalinijua kwa kutafsiri filamu kwa mdomo, papo hapo. Basi Mama Zaina, mwenye banda kule Buyenzi, mtaa wa Bujumbura, aliponiita nikatafsiri filamu ya Kifaransa, nikavimba kichwa. Kifaransa chenyewe nilikiokota kwa Wakongo bandarini, na Bujumbura ilikuwa vitani. Mwenye sifa haambiwi!

Nikasafiri juu ya magunia ya saruji, na siku ya pili meli ya mizigo ikanishusha bandari ya Bujumbura. Askari akauliza kazi yangu. "Mkalimani," nikasema, kifua mbele. Akacheka, akanipisha.

Buyenzi, asubuhi, mafundi gereji wanagonga vyuma na milimani mizinga inalia. Mama Zaina akanionyesha kanda kwanza. Maisha ya waandishi wawili, wanawake, wanaandikiana barua, wanapendana. Wanapendana hasa, jamani!

"We utasema ni dada," akaniambia. "Ukisema mapenzi, banda inafungwa, na mi nafukuzwa mu kartie, mutaa wote huu."

Saa nane mchana, kuwahi amri ya kutotembea usiku, banda likajaa. Mbele kabisa alikaa Mama Zaina na rafiki yake Consolata, mwalimu aliyevuka vizuizi vya askari kutoka mtaa wa Mutakura. Kesho yake alikuwa anakimbia vita kwa meli niliyorudi nayo Kigoma. Nikaanza. Wakikumbatiana: "Dada anampa pole!" Wakibusiana: "Dada amepona malaria!" Mmoja akafa, mwenzake akasoma barua ya mwisho, nami nikanguruma: "Dada, nisalimie shangazi!" Watu wakacheka mpaka basi. Consolata peke yake alikuwa analia. Nikajipongeza, mjinga mimi.

Asubuhi bandarini, askari akamuuliza Mama Zaina, "Huyu unayemusindikiza ni nani yako?"

"Dada yangu," akajibu, na ushungi wake, mbele ya rozari ya Consolata. Askari akaridhika.

Ziwani nikajisifu kwamba hakuna aliyegundua. Consolata akanitazama.

"Mule ndani wote wanasikia Kifaransa kukupita, monsieur. Walitaka tu mutu wa mbali aseme uongo kwa nguvu, wa inje wausikie, wao wasikilize filamu."

Nilitamani ziwa linimeze.

Kigoma, nyumbani, Consolata alilala kwetu. Mke wangu akanong'ona, "Mgeni analilia nani?"

Nikafungua mdomo niseme dada. Consolata, kumbe kasikia, akaniwahi: "Mupenzi wangu."

Safari hii sikutafsiri.