Chumba cha Mzazi Kilichozibwa Hewa

Mwanangu, ile asubuhi haijanitoka: Yaya Asha, dada yangu mkubwa, amelala kitandani, mutoto kwenye ziwa lake, wote wamekuwa baridi, na chumba bado kina joto. Mimi nililala chini kwenye mkeka, kichwa mlangoni. Upepo mdogo wa chini ya mlango ndio uliniacha hai. Nilitambaa nje nikitapika, sauti ya kuita mutu sina.

Yaya alikuwa amejifungua juzi yake tu. Kwetu Kasongo, unajua, mzazi anakandwa maji ya moto na kuwekewa moto chumbani. Zamani nyumba ilikuwa ya nyasi, hewa inapita juu ya ukuta. Lakini Musafiri, mume wa Yaya, alijenga ya matofali na mabati, na makala, makaa ya kupikia, yalikuwa ya shida. Ndipo akaja Rashidi, muuza majiko ya udongo. Jiko lake lilikuwa zuri, sikatai. Makala kidogo, sufuria inachemka upesi. Ubaya ulikuwa mdomo wake. Alimwambia Musafiri azibe matundu ya ukuta kwa udongo na kupigilia dirisha misumari, eti joto lisipotee bure.

Bibi Sakina, mkunga wetu, aliingia kumkanda Yaya, akatoka ameshika kichwa.

"Fungueni ile dirisha. Kichwa kinaniuma."

"Bibi, kichwa chako kinauma tangu wakati wa Wabeleji," Rashidi akasema. "Moshi iko wapi? Nionyeshe."

"Sijasema moshi. Nimesema kichwa."

Wanaume wakacheka, Musafiri kuwapita wote. Dirisha likabaki vile, na usiku ule jiko likawaka chumbani kwa Yaya.

Muuguzi aliyekuja kuwaona maiti alisema makala yanatoa sumu isiyo na harufu, na hapo haikuwa na pa kutokea. Rashidi akasema ni kazi ya Mungu, akahamia kule Wamaza kuwauzia wachimba dhahabu majiko yake. Mungu hakupigilia misumari.

Mwanangu, kupunguza makala ni akili. Loweka maharage tangu jana, funika sufuria, anika kuni zikauke, na jiko la udongo ulitumie. Ila pikia nje, au penye paa lililo wazi pembeni. Mzazi mpe blanketi na maji ya moto. Makala yenye moto yasilale na mutu chumbani, hata kama moshi huuoni. Mungu akujalie watoto, na kila asubuhi uwakute wanalia njaa.

Na wewe Rashidi, na wewe Musafiri uliyecheka: Bibi Sakina iko hai bado. Njooni barazani kwetu, mukae mbele yake, museme nani atajibu kwa Asha na mutoto wake.