Mnyama wa Mwalimu wa Biolojia

Mwalimu wetu wa biolojia hajui kusema "sijui." Ukimuuliza jambo, kwanza hukung'utia chaki kwenye suruali, halafu hukohoa kidogo, halafu jibu hutiririka kama maji ya bomba. Tukaamua kumnasa. Jumatatu nikanyoosha mkono, uso mkavu kabisa: "Mwalimu, eti ng'winyo wa mapangoni anaishije?" Mnyama huyo nilikuwa nimemtunga mwenyewe wakati wa mapumziko. Darasa zima likabana kicheko. "Swali zuri, mwanangu," akasema. "Ng'winyo hula kuvu, hulala akining'inia kwa mkia, na sharubu zake ni ndefu kuliko mwili." Sauti yake ilishuka hadi tukainama kumsikia, na vidole vyake vikatambaa ubaoni taratibu, vikipapasapapasa, mpaka msichana wa dawati la mbele akapandisha miguu kitini.

Tulicheka siku nzima. Ijumaa likaja jaribio la mwisho kabla ya ripoti kwenda kwa wazazi, na swali lililobeba alama nyingi kuliko yote lilisema: chora ng'winyo. Nikatabasamu. Nani angemjua kuliko mimi? Nikamchora kwa madaha, hadi kope. Karatasi iliporudi nilikuwa nimepata mbili kwa kumi, na yale macho mazuri niliyomchorea yamezungushiwa wino mwekundu.

"Mwalimu," nikalalamika, "lakini huyu mnyama si ni wangu?"

"Ni wako, ndiyo. Ila umemweka gizani maisha yake yote, mwanangu. Sasa macho ya nini?"