Chupa Iliyolazwa Sandukuni

Siku ya kwanza kazini Babu hakupewa ufagio wala ndoo. Mkuu wa Ghala alimwambia, "Leo usiguse kitu. Zunguka, nusa, jioni utaniambia umesikia harufu gani." Babu alikuwa kijana wa miaka ishirini na mbili kutoka Kingerikiti, Kifaransa chake kilikuwa cha seminari, na mbele yake yalikuwa mapipa yaliyomzidi kimo, safu kwa safu mpaka mwisho wa macho. Jioni akajibu kwamba amesikia udongo uliolowa, basi. Mkuu akamtazama miguu, akasema, "Kesho uje na mabuti." Ndivyo alivyoajiriwa.

Naandika haya kwenye daftari langu la likizo. Nasoma kidato cha tatu Mbinga, na kuongea mbele za watu kunanishinda, ila kuandika naweza. Wenzangu wanajua Babu alikuwa mwonjaji wa kahawa pale mjini hadi alipostaafu. Hawajui kwamba kabla ya hapo alikaa Ufaransa miaka ishirini kwenye kazi ya brandi, yaani pombe kali inayopatikana kwa kuchemsha divai ya zabibu na kuitunza miaka mingi ndani ya mbao. Alikuwa amepelekwa kusomea upadri. Akaacha mwaka wa pili, akaona aibu kurudi. Bibi humtania mbele ya wageni: "Ukoo ulimtuma akalete baraka, akarudi na pua."

Na hiyo pua sasa haipo. Mwaka juzi aliugua mafua makali, akapona kila kitu isipokuwa kunusa. Daktari alisema inaweza kurudi. Haijarudi. Maziwa yakiungua jikoni yeye anaendelea kusoma gazeti lake.

Kule Ufaransa, kituo chake cha pili cha kazi, baada ya ghala, kilikuwa mtamboni, ambako divai huchemshwa. Huko alikuwa chini ya Msimamizi wa Mtambo, mtu mfupi asiyecheka, ambaye Babu bado anamwogopa kidogo akimtaja. Zabibu zenyewe, anasema, ni nyeupe na chachu, divai yake huwezi kuifurahia mezani. Lakini uchachu ndio unaoilinda mpaka ifike motoni. Inachemshwa kwenye chungu kikubwa cha shaba, mvuke unapita kwenye mrija uliojikunja kama shingo ya bata, unapoa, unadondoka. Halafu kile kilichodondoka kinachemshwa tena. Mara ya pili ndiyo yenye kazi. Matone ya kwanza yanaitwa kichwa, ni makali na yanachoma pua, yanatengwa. Ya mwisho ni mkia, mazito, yananuka kama kitambaa cha jikoni. Yanayobaki katikati ni moyo, na moyo peke yake ndio unaoingia kwenye pipa. Hakuna kengele ya kukuambia kichwa kimeisha. Unanusa.

"Ukichelewa kidogo tu," Msimamizi alimwambia, "umeharibu mwaka mzima wa mkulima, na yeye hatajua ni wewe. Utajua wewe."

Moyo ukitoka hauna rangi, ukiuona utadhani ni maji ya kisima. Rangi inatoka kwenye pipa. Mapipa ni ya mti wa mwaloni, mbao zake zimeachwa nje zinyeshewe miaka kadhaa, halafu zinakunjwa kwa moto. Hicho kilikuwa kituo cha tatu, na ndipo Babu alipokaa muda mrefu zaidi, akihamisha brandi kutoka pipa jipya kwenda pipa kuukuu ili mbao zisiizidi nguvu. Alinieleza harufu kwa umri, kama mtu anayeeleza watoto wake. Ikiwa changa inanukia maua na tunda. Ikifika miaka kumi inaleta vanila na karafuu. Baadaye inakuja tini kavu, ngozi, tumbaku. Na ikizeeka vizuri kwenye ghala lenye unyevu, inaanza kutoa kitu wanachokiita ransio. Hapo Babu hukwama. Anasema ni kama njugu, ni kama uyoga, ni kama siagi ya zamani, halafu anakunja mkono hewani na kuushusha.

Kila mwaka sehemu ya brandi hupotea hewani kupitia mbao, na wao huiita fungu la malaika. Kuvu jeusi linaloishi kwa mvuke huo limefunika kuta na vigae vya ghala. Babu, Mkatoliki wa kwetu, alimuuliza Mkuu kama ni kweli malaika wanakunywa. "Sana," Mkuu akajibu, "na hawajawahi kusema asante."

Kituo cha mwisho kilikuwa chumba kidogo wanachokiita Paradiso, ambako brandi kongwe kabisa hutolewa kwenye mapipa na kuwekwa kwenye mitungi ya kioo. Ndani ya kioo haizeeki tena. Inabaki ilivyoingia. Siku Babu anaaga, Mkuu wa Ghala, wakati huo mzee wa kutembelea fimbo, alichota kutoka kwenye pipa ambalo Babu alilijaza kwa mikono yake mwaka wake wa kwanza, akamtilia chupa moja. Hawakukumbatiana. Mkuu alimwambia tu, "Ukiikumbuka kazi, iko humu."

Babu akarudi, akaoa, akampa Bibi ile chupa aitunze. Hakuifungua. Aliogopa kwamba akiifungua itakwisha. Nadhani alidhani pua itamsubiri.

Jumamosi iliyopita, tukiwa tunamenya mahindi, akasema ghafla kwamba anataka ifunguliwe, na kwamba mimi ndiye nitakayenusa. Kunusa tu, akamtuliza Bibi, hata wao ghalani kazi ni ya pua, mdomo ni mara chache.

Bibi akaenda chumbani. Akakawia. Nilipomfuata nikamkuta amepiga magoti mbele ya sanduku lake, vitenge vya chini vina doa la kahawia lililokauka zamani. Chupa ilikuwa imelala katikati ya vitenge hivyo, nusu tupu.

Bibi ni Mnyasa wa Mbamba Bay, si mtu wa kulia hovyo. Alisema alipokuwa akifua nguo za altare parokiani aliona divai ya misa imelazwa kabatini. Kwa hiyo na hii akailaza, kwa heshima. Miaka yote hiyo kila akihamisha sanduku alihakikisha imelala vizuri.

Babu alipoiona aliisimamisha mezani. Kisha akanieleza mimi, huku akiepuka kumtazama Bibi, kwamba divai hulazwa ili kizibo kisikauke, lakini brandi husimamishwa, kwa sababu ukali wake hula kizibo. "Hakuniuliza," akasema, "na mimi sikumwambia. Kosa la ghala ni la mkuu wa ghala."

"Imekufa?" Bibi akauliza.

"Mimi sijui. Atajua huyu."

Kizibo kilivunjika vipande. Babu akaichuja kwa kitambaa, akamimina kidogo kwenye glasi ndogo, akaiweka mezani na kusema tusubiri. Iliyofungiwa muda mrefu inahitaji kupumua. Tukasubiri robo saa nzima, na humo ndimo alimosema jambo ambalo hakuwahi kunisimulia. Watu wanadhani anaikumbuka Ufaransa. Haikumbuki, baridi yake aliichukia. Anachokumbuka ni kuingia asubuhi mahali ambapo kazi ya mtu aliyekufa zamani bado inaendelea, na wewe unaongeza yako, na atakayeifaidi hajazaliwa. Kwenye kahawa hakulipata hilo. Kahawa unaionja leo, kesho imekwenda. Alipostaafu kwenye kahawa alikabidhi kijiko chake cha kuonjea akarudi nyumbani, na tangu hapo, alisema, anasubiri kitu, ila hajui ni nini.

Akanisogezea glasi.

Nikanusa. Niliona macho ya Bibi, nikasema haraka, "Inanukia tini kavu, Babu, na ngozi, na tumbaku."

"Tini umeiona wapi wewe?"

Nikainamia glasi.

"Hayo ni maneno yangu. Ninayo tayari. Nipe ya kwako, hata kama ni mabaya."

Nikafumba macho nisimwone mtu. Kwanza kulikuwa na kizibo, na nikasema hivyo: inanuka kama gunia lililolowa. Bibi akaguna. Nikaendelea. Chini ya gunia kulikuwa na asali, si hii ya dukani, ile nyeusi wanayoleta kutoka Liparamba, yenye nta na moshi kidogo. Chini ya asali kulikuwa na kitu ambacho sikuwa na jina lake. Nikasema ni kama karanga zilizokaa chunguni muda mrefu, mafuta yametoka, lakini hazijaharibika. Kama uyoga uliokaushwa juu ya meko. Inaingia polepole halafu haitaki kutoka.

Babu alikuwa ameshika ukingo wa meza. "Haitaki kutoka mpaka lini? Weka glasi chini. Hesabu, iliyo hai hukawia puani."

Nikahesabu kwa sauti. Kwenye kumi asali iliondoka. Kwenye ishirini karanga bado zilikuwepo. Babu alikuwa anahesabu na mimi, midomo inatembea bila sauti. Nilipofika arobaini na moja nikasikia chumba tu, mahindi na moshi wa jikoni.

"Imekwisha, Babu."

Akatikisa kichwa kukubali, taratibu, mara nyingi. "Ndiyo," akasema. "Ndiyo ransio yenyewe."

Bibi alikuwa bado amesimama mlangoni na kitenge chenye doa mkononi. "Kwa hiyo haijafa?"

Babu aliachia ukingo wa meza. Alinigeukia mimi. "Mwambie."

Nikamwambia.