Kura Iliyokosa pa Kwenda

Mdogo wangu unayejifunza kuandika programu peke yako, nianze na kosa langu: niliogopa kuonekana nikikosea, nikaificha kazi ambayo watu wangenisaidia kuisahihisha.

Nakumbuka Jumamosi ile kina mama wakulima wa mwani wa Tongoni walipochagua mwenyekiti wa kikundi chao. Wagombea walikuwa wanne, na kila mpiga kura aliwapanga kwa kadiri anavyowapenda. Asipopatikana aliyevuka nusu, wa mwisho anatolewa na kura zake zinakwenda kwa chaguo linalofuata. Programu ya kuhesabu niliiandika kwa lugha ya C, wiki tatu za kufuta na kuanza upya, bila kumwonyesha mtu. Nikaingiza kura, nikamtangaza Zuhura.

Zuhura ni shangazi yangu. Uwanja mzima ukanigeukia, nikajua wanachowaza: nimempendelea.

Bi Mwanakombo, mkubwa wao wote, hakunituhumu. "Mjukuu wangu, tumboni mwa mashine yako mie sioni kitu. Tuhesabu kwa miguu."

Akazichanganya zile karatasi zisizo na majina ya wapiga kura, kila mtu akapewa moja, akasimama nyuma ya mgombea aliyeandikwa wa kwanza. Mgombea wa mwisho akatoka, watu wake wakahamia kwa chaguo la pili la karatasi zao. Akatoka mwingine. Hapo mama mmoja akabaki katikati, maana chaguo la pili la karatasi yake ndiye aliyetolewa mwanzo.

"Sasa mie niende wapi? Nirudi nyumbani nikapike?"

Wakacheka. Mimi hapo nikaliona kosa langu. Programu yangu ilitazama chaguo la pili tu. Ikikuta kashatolewa, kura inaitupa. Bi Mwanakombo akamwambia asome jina la tatu. Akaenda kwa Bi Pili, mgombea aliyebaki akishindana na shangazi, na wenzake watatu wenye karatasi kama yake wakamfuata. Bi Pili akashinda.

Nilikiri mbele ya wote. Shangazi alimpa Bi Pili mkono, kisha akaniambia taratibu, "Ningekikalia kiti cha mwenzangu bila kujua."

Basi, mdogo wangu, kabla programu yako haijaamua jambo la watu, ijaribu kwa kura chache unazoweza kuzihesabu kwa vidole, na umkabidhi mwingine aihangaishe. Aibu ya kusahihishwa inapita upesi kuliko unavyodhani. Mungu akujaalie watu wa kukuuliza, na moyo wa kuwajibu.

Mimi siku hizi naonyesha kazi yangu ikiwa bado na makosa.