Dole Gumba la Dirishani

Tangu milango ya biashara ilipofunguliwa, duka la Miraji pale Kiomboi lilijaa vitu ambavyo watu walikuwa wamekwisha kuvisahau. Selina, muuguzi na mjane, alinunua humo silikoni ya kuzibia nyufa za madirisha. Mvua ilikuwa inapenya chumbani kwa mama mkwe wake, Dorika, na godoro la bibi lilikuwa halikauki.

"Mama Eliana, kwangua puti ya zamani yote mpaka mbao ionekane," Miraji alimwonya. "Hii haishiki kwenye mafuta."

Selina aliitikia, lakini moyoni alikuwa ameshakataa. Puti ile ya kushikizia kioo ilikuwa ya enzi za uhaba, wakati hata sabuni ilikuwa ya kutafuta kwa tochi: unga wa chaki uliokandwa kwa mafuta ya alizeti. Marehemu mumewe, Nathan, alimwambia kuwa aliipaka mwenyewe wakati Selina yuko kwao kumjifungua Eliana. Alama za dole gumba zilikuwa bado zimejipanga ukingoni mwa kioo, na kila alipofuta vumbi Selina alizigusa. Kwa hiyo silikoni akaipaka juu yake. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, lakini Miraji hakuwa mkuu wake.

Mvua iliponyesha tena, silikoni ilishika kioo, ikaikataa puti, na maji yakapita katikati. Asubuhi Selina aliivuta kwa kucha, ikatoka yote kama utando wa maziwa. Dorika alikuwa ameketi kitandani na kitenge begani, anakohoa.

"Kwani hiyo puti unaitunzia nini?"

"Ni vidole vya Nathan, Mama."

Bibi akashusha miguu sakafuni.

"Nathan siku hiyo alikuwa kilabuni. Chaki nilisaga mimi, na kupaka nilipaka mimi."

Akajikongoja hadi dirishani, akalibandika dole gumba lake kwenye alama. Liliingia sawasawa.

Selina alimkasirikia kwanza marehemu kwa uongo wake, kisha akajikasirikia mwenyewe. Kwa kuzihifadhi alama, alikuwa amemlaza kwenye maji mwenye dole lenyewe. Akaenda jikoni, akarudi na kisu, akaanza kukwangua.

"Polepole na kioo," Dorika alisema. "Hicho kweli alinunua Nathan."